Namna ya Kumfundisha Mtoto Kutambua Vina: Mwongozo Kamili kwa Mwalimu wa Awali na Mzazi

Mwulize mtoto wa miaka mitano: kati ya kiti, kisu na mti, maneno gani mawili yanafanana kwa sauti? Wengi watakujibu kiti na kisu. Masikio yao hayana kasoro. Wamesikia ki- mara mbili, na Kiswahili chenyewe kimewazoesha kusikiliza hapo tangu walipoanza kusema: kiti changu kimevunjika, kisu kikali kimepotea, vikombe vyote viko kabatini. Upatanisho wa lugha yetu unakaa mwanzoni mwa neno, na mtoto anaushika mapema bila kufundishwa na yeyote. Vina vinamtaka ageuze sikio alipeleke upande wa pili.

Kazi yote ya mwongozo huu ni hiyo: kulihamisha sikio la mtoto kutoka kichwani mwa neno hadi mkiani. Nimetumia kichwa na mkia kwa makusudi, kwa sababu ndiyo maneno ninayopendekeza uyatumie darasani. Neno "kina" lina wakati wake baadaye. Kwa mtoto wa Darasa la Awali, au wa PP1 na PP2 kwa jirani zetu wa Kenya, neno lina kichwa na lina mkia, na leo tunasikiliza mikia.

Kwanza ujue wewe unachofundisha

Kina katika Kiswahili ni silabi ya mwisho inayofanana, konsonanti pamoja na irabu yake. Mti na shati vina kina kimoja, -ti. Embe na pete havina, ingawa yote mawili yanaishia na e, kwa sababu moja linaishia -mbe na jingine -te. Hapa wengi wetu tunapotosha. Karibu kila neno la Kiswahili linaishia na irabu, na irabu zetu ni tano tu, kwa hiyo ukimkubalia mtoto irabu peke yake kuwa kina, maneno yote ya lugha yatakuwa ndugu na hatakuwa na la kutambua.

Ila vina havilingani kwa uzito, na jambo hili ndilo linaloamua uanzie wapi. Angalia moto na mtoto. Zaidi ya -to ya mwisho, irabu inayotangulia nayo ni ileile: -oto, -oto. Sasa angalia mti na shati: kinachofanana ni -ti tu. Mashairi yanakubali vyote viwili, lakini sikio la mtoto halivisikii sawa. Mkazo wa Kiswahili unaangukia silabi ya pili kutoka mwisho. Tunasema mTOto, kiTAbu, saFAri. Silabi ya mwisho tunaitamka kwa upole. Sauti inayopiga sikio kwa nguvu ni ile ya kabla ya mwisho. Ikiwa nayo inafanana, kama katika jembe na pembe, mtoto anasikia mlio mzima ukijirudia. Ikiwa haifanani, unamtaka achambue silabi dhaifu kuliko zote, na ukianza na hilo utamwona akibahatisha.

Basi anza na vina vizito: jembe na pembe, moto na ndoto, gari na sukari. Baki hapo mpaka darasa zima linasikia bila shida, ndipo uingize vyepesi: mti na shati, mto na joto. Ukishika agizo hili moja tu katika mwongozo mzima, umeshaokoa muda mwingi wa darasa.

Kuna maneno ambayo silabi yake ya mwisho ni irabu tupu: jua, mvua, njia, chai. Kwa hayo mdai mtoto irabu zote mbili. Jua na mvua ni ndugu. Jua na njia tuyaache kwanza.

Kadi za picha zilizotengenezwa kwa ajili ya Kiingereza ziweke kando kabisa. Nimeziona zimebandikwa ukutani katika madarasa ya Kiswahili, paka kando ya kofia (cat na hat kwa Kiingereza), na mwalimu akihangaika kueleza kwa nini hizo mbili ni jozi. Kwa mtoto anayesema Kiswahili si jozi. Tengeneza zako.

Andaa maneno kabla hujaingia darasani

Maneno ya vina hayaji yenyewe mdomoni mwalimu anaposimama mbele ya watoto sabini. Yaandike kwenye daftari kwa familia, na kila familia iwe na maneno matatu au zaidi ambayo mtoto anayajua na anaweza kuyaona, kuyashika au kuyala. Hizi zimenifaa:

- embe, jembe, pembe, sembe
- moto, mtoto, joto, ndoto
- gari, sukari, safari, bahari, askari, daftari
- jiko, mwiko, kijiko
- wali, ugali, asali
- jua, mvua, pua, maua
- chai, tai, mayai, papai
- chatu, kiatu, tatu
- panya, nyanya, fanya
- mbuzi, mchuzi, uzi, juzi
- nazi, ngazi, kazi
- babu, kitabu, hesabu, adabu
- nyoka, shoka, choka
- kalamu, salamu, zamu

Ongeza ya kwenu. Mtoto wa kandokando ya Ziwa Viktoria ana maneno ambayo mtoto wa Tanga hana, na kinyume chake. Neno ambalo mtoto halijui linamlazimisha afanye kazi mbili kwa mara moja, kutafuta maana na kusikiliza mkia, na atakwama kwenye ya kwanza.

Chunga l na r. Lugha nyingi za Kibantu hazitenganishi sauti hizi, na mtoto anayezungumza lugha hiyo nyumbani atakuambia kwa uhakika kwamba wali na gari ni ndugu. Kwa sikio lake ni ndugu kweli. Usimpe jozi inayomtaka atofautishe -ali na -ari katika wiki za mwanzo, na ikitokea kwa bahati mbaya usilifanye kuwa kosa la vina. Ni suala la matamshi, na lina somo lake. Vivyo hivyo kwa dh na z, na th na s.

Chunga pia maneno ya aibu. Watoto watakapofika kwenye kubuni maneno yao, watabadilisha konsonanti ya mwanzo moja baada ya nyingine, na kuna familia ambazo mahali fulani kwenye safari hiyo zinakutana na tusi. Pitisha kila kina kwenye konsonanti zote ukiwa peke yako, b, ch, d, f, g, mpaka z. Ukiona litakalotokea halitamkiki mbele ya watoto, kina hicho kitumie kwenye kusikiliza tu, kwenye kubuni kiache. Likikuponyoka na mtoto akalisema, pokea kwa uso uleule na uendelee na neno linalofuata. Ukikemea, darasa zima litalikumbuka hilo na kusahau somo.

Hatua ya kwanza: makofi

Mtoto hawezi kusikia silabi ya mwisho kama hajui kwamba neno linakatika vipande. Piga makofi naye: ba-ba, me-za, ki-ti, sa-fa-ri. Ng'o-mbe ni makofi mawili, nyu-mba mawili, pe-mbe mawili. Usikubali m ichomoke ikasimama peke yake katikati ya neno. Maneno kama mtu na mbwa yana silabi mbili kwa hesabu ya washairi, m-tu, m-bwa, lakini watoto wengi huyapigia kofi moja. Usibishane nao. Yaruke kwa sasa, kwa kuwa unachokitafuta ni mwisho wa neno, na mwisho wa mtu ni -tu kwa hesabu yoyote.

Wakishazoea, badilisha: makofi kwa silabi zote isipokuwa ya mwisho, ambayo wanaipigia mguu chini. Pe (kofi), mbe (mguu). Je (kofi), mbe (mguu). Sa-fa (makofi), ri (mguu). Mguu unaipa silabi dhaifu uzito ambao mkazo wa lugha umeinyima, na mwili unaanza kungoja mwisho wa neno. Katika mazoezi yote ya mwongozo huu, hili ndilo ambalo nisingekubali kulitoa hata kama ningebakiwa na dakika tano.

Tahadhari moja. Walimu wengi hufika mwisho wa neno wakaliburuta, "kitabuuu", wakidhani wanasaidia. Ukiburuta unahamisha mkazo, na neno halisikiki tena kama lile analolijua mtoto. Litamke kama kawaida, lipigie makofi na mguu, kisha ulitamke tena kama kawaida.

Hatua ya pili: wasikie tu

Siku chache za mwanzo usiulize swali lolote. Wewe ndiye unayesema, wao wanasikiliza na kucheka. Wakati wa uji mwambie mmoja kwamba leo tai amekuja kunywa chai. Akiinua daftari, useme umeona askari ndani ya gari amebeba sukari. Kila unapomaliza, rudia maneno yenye vina peke yake, taratibu: askari, gari, sukari. Usieleze chochote. Mtoto anahitaji kulijaza sikio kabla ya kudaiwa jibu, na wale wakimya wa nyuma ndio wanaofaidika zaidi na siku hizi.

Hatua ya tatu: ndugu au si ndugu

Sasa toa maneno mawili. Kama mikia inafanana, wasimame. Kama haifanani, wakae. Na wafumbe macho. Katika darasa kubwa watoto wanatazamana: mmoja akisimama kumi wanasimama, nawe utarudi nyumbani ukiamini darasa limeelewa. Macho yakifumbwa, unaona nani amesikia.

Panga jozi kwa ugumu. Siku ya kwanza iwe rahisi kabisa: jembe na pembe, kisha jembe na kuku. Moto na ndoto, kisha moto na meza. Wakishatulia, anza kuingiza mitego, mmoja kwa siku, na ujue kila mtego unapima nini.

Mtego wa kichwa ni kiti na kisu, au mtoto na mti. Anayesimama hapo bado anasikiliza mwanzo.

Mtego wa maana ni chai na sukari, jiko na moto, babu na bibi. Vitu hivi vinakaa pamoja maishani, kwa hiyo mtoto anasema ni ndugu. Huyu bado hajaiacha maana ili asikilize sauti peke yake, na hilo ndilo gumu kuliko yote kwa mtoto mdogo. Kwake neno na kitu ni kimoja. Mpe muda.

Mtego wa irabu ni embe na pete, kuku na kitabu, nyoka na nyanya. Uache uwe wa mwisho.

Namna unavyomjibu aliyekosea ina uzito. Ukisema "hapana" peke yake, hajui akosoe nini. Mwambie alichokisikia, kisha mwelekeze. Mazungumzo yanakwenda hivi:

"Kiti, kisu. Ni ndugu?"

"Ndiyo, mwalimu."

"Umesikia nini?"

"Ki, ki."

"Vizuri, vichwa vinafanana kweli. Sasa tusikilize mikia. Piga mguu: ki...?"

"Ti."

"Ki...?"

"Su."

"Ti, su. Inafanana?"

"Haifanani."

Hakuna aliyeaibika, na mtoto mwenyewe ndiye aliyesema jibu. Swali la "umesikia nini" litumie hata kwa aliyepata, kwa sababu wapo wanaopata kwa bahati.

Hatua ya nne: mgeni ni nani

Maneno matatu, mawili ndugu na mmoja mgeni. Jembe, nazi, pembe. Mtoto amtaje mgeni. Ugumu umepanda, kwa kuwa sasa anabeba maneno matatu kichwani kwa wakati mmoja, kwa hiyo msaidie na vitu halisi. Chukua kapu. Tia ndani kijiko, mwiko, nazi, nyanya, embe, kiatu, kitabu, daftari, kalamu, kifuko cha sukari. Mtoto anatoa vitu vitatu ulivyomtajia, anavipanga chini, anavitaja kwa sauti, kisha anamrudisha mgeni kapuni. Wembe ni ndugu wa embe kwa sauti, lakini usiutie kapuni; uchore ubaoni.

Picha nazo zinafaa kwa visivyoingia kapuni, chatu, mbuzi, bahari. Ila angalia kitu kimoja. Picha ileile mtoto anaweza kuiita jina jingine. Umechora chatu, yeye anaona nyoka. Umechora sembe, yeye anaona unga. Kila picha itajwe kwa pamoja kabla ya mchezo kuanza, la sivyo utamhukumu mtoto kwa neno ambalo hakulisikiliza.

Mgeni naye umchague kwa mpango. Kwanza awe wa mbali: gari, bahari, kuku. Baadaye afanane kichwa na mmoja wao: kijiko, mwiko, kisu. Mwisho afanane irabu: panya, nyanya, nyoka. Ukifika hapo bila mtoto kuyumba, umevuka sehemu ngumu.

Hatua ya tano: kumalizia mstari

Hapa ndipo darasa linapochangamka. Unasema mstari, unaukatiza, wao wanaumalizia:

Nimemwona chatu, amevaa ...
Nyoka kabeba ...
Tai anakunywa ...
Mbuzi amemwaga ...
Mjomba panya anakula ...

Kiatu, shoka, chai, mchuzi, nyanya. Mistari ya ajabu inafanya kazi kuliko ya kawaida, na sababu yake ni ileile ya mtego wa maana. Ukisema "mama anapika ..." mtoto anajibu wali, chapati, maharage, kwa kutumia maana peke yake. Chatu havai chochote, kwa hiyo maana haimsaidii. Inabidi aende kutafuta mkia wa -atu. Akikuambia "chatu amevaa shati", msifu kwa wazo lake, kisha umpigie mguu: cha-tu, sha-ti.

Kama mstari unawashinda, toa majibu mawili wachague. Chatu amevaa kiatu, au chatu amevaa kofia?

Hatua ya sita: wazalishe wenyewe

Kutambua na kuzalisha ni viwango viwili, na katikati yake pana pengo. Mtoto anaweza kuchagua mgeni bila kukosea hata mara moja, lakini ukimwambia "nipe ndugu wa moto" akakutazama tu. Usiharakishe. Mpe kianzio cha konsonanti: nd... ndoto, j... joto.

Maneno ya kubuni yakubali. Poto, zoto, choto hayana maana, lakini mtoto aliyeyabuni amekamata -oto na anaibandika vichwa vipya, yaani ameelewa kabisa. Mwulize kwa furaha choto ni mnyama gani, darasa lichore.

Utaona pia wajanja wakigundua njia ya mkato. Kiswahili kinatoa vina vya bure kupitia sarufi: ukitia -ni mwishoni, kila mahali panakuwa ndugu, nyumbani, sokoni, shuleni, mezani. Ukitia -ana, watu wanapigana, wanapendana, wanasalimiana. Mtoto anapoligundua hilo, mpongeze, kwa kuwa amegundua kanuni ya lugha. Kisha mwongezee masharti: leo tunataka ndugu wasiokuwa na -ni. Ndivyo walivyo pia watunzi wetu. Shairi ambalo vina vyake vyote ni -ni au -ana linakubalika, lakini msikilizaji anajua mtunzi hakutoka jasho.

Hatua ya saba: kutoka sikio hadi ubaoni

Mpaka sasa hujaandika herufi hata moja, na ni sawa. Lakini usikae kwenye sauti milele. Mwaka 1983 watafiti wa Oxford, Lynette Bradley na Peter Bryant, walichapisha matokeo ya kazi yao na watoto wadogo: uwezo wa kupanga maneno kwa sauti zinazofanana kabla ya kujua kusoma uliendana na usomaji wa baadaye, na waliofundishwa kupanga sauti huku wakishika herufi za plastiki waliendelea vizuri kuliko waliofundishwa sauti peke yake. Walikuwa wanasoma Kiingereza, ambacho tahajia yake ina mitego mingi. Sisi tunaandika tunavyotamka, kwa hiyo daraja kutoka sikio hadi jicho kwetu ni fupi zaidi; litumie.

Andika familia moja kwa wima:

jembe
pembe
sembe

Pigia mstari -embe kwa chaki ya rangi. Mtoto anayejua je na pe kutoka kwenye masomo ya KKK (Kusoma, Kuandika na Kuhesabu) ataona kwamba kipande kinachofuata hakibadiliki, na atasoma sembe kabla hujamfundisha. Funika herufi ya kwanza kwa kiganja, wasome kilichobaki. Ondoa kiganja, wasome neno. Baada ya hapo waandike wao, na vifuniko vya soda vilivyoandikwa silabi kwa kalamu ya wino mzito vinatosha kabisa kama hakuna bajeti: je, pe, se upande mmoja, mbe upande mwingine.

Nisiseme zaidi ya ukweli hapa. Mtoto wa Kiswahili anaweza kujifunza kusoma kwa silabi bila kuguswa na vina. Faida anayoipata kwa vina ni sikio linalochambua, ambalo litamsaidia katika imla na tahajia, na mlango wa kuingilia kwenye methali, tenzi na mashairi ya lugha yake. Kwangu mlango huo peke yake unatosha kuwa sababu.

Methali na utenzi mdogo

Methali zimejaa vina, na mtoto anazisikia nyumbani tayari. Haba na haba hujaza kibaba. Haraka haraka haina baraka. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Akili ni mali. Sema nusu, wao wamalizie. Kisha waulize ni maneno gani ndani yake ni ndugu. Kwa darasa lililokomaa wape "umoja ni nguvu, utengano ni udhaifu" na uwaachie wabishane. Nguvu inaishia -vu, udhaifu -fu. Zinakaribiana sana mdomoni, lakini si kina. Ni zoezi zuri kwa Darasa la Kwanza au la Pili. Kwa wa Awali ni mapema.

Mwishoni watungie beti za mizani nane, yaani silabi nane kwa kila mstari, za maisha yao:

Paka kapanda darini,
Panya kakimbia chini,
Kajificha kabatini,
Paka karudi na njaa.

Mama kapika ugali,
Dada kapakua wali,
Babu kaomba asali,
Sote chini tukakaa.

Mistari mitatu ya kwanza ya kila ubeti ina kina kimoja, na wa nne unabeba kina kinachorudi ubeti baada ya ubeti. Ndio muundo wa tenzi za pwani. Huna haja ya kuwaeleza watoto hilo. Ghani pamoja nao, wapige mguu kwenye kila mkia, kisha uondoe neno la mwisho la kila mstari walirudishe. Wakiliweza, ondoa mstari mzima wa tatu, watunge wa kwao. Usihesabu mizani yao. Mstari ukizidi au ukipungua, mradi mkia umekaa, umekaa.

Nyumbani

Mzazi hahitaji kapu wala ubao. Njiani kwenda dukani: "Mama ameona gari, nani ana ndugu yake?" Wakati wa kuosha vyombo: jiko, mwiko, na nini? Dakika tano zinatosha, na mtoto akichoka acha hapohapo.

Kwa mnaolea watoto ughaibuni, wanaosoma shule za Kiingereza: mtoto wenu huenda anajua vina tayari, lakini vya Kiingereza, ambavyo huanzia kwenye irabu yenye mkazo. Kwa sikio lake moto na ndoto ni vina, ila mti na shati atakataa, na ana haki ya kushangaa. Mzoesheni polepole kwa mguu wa silabi ya mwisho, na yasemwe Kiswahili bila kuchanganya lugha mbili katika mchezo mmoja.

Kupima, na afanywe nini aliyebaki nyuma

Baada ya wiki sita hivi za dakika kumi kila siku, mwite kila mtoto peke yake kando, wakati wengine wanachora. Mpe seti sita za maneno matatu, amtaje mgeni: mbili za mgeni wa mbali, mbili za mtego wa kichwa, mbili za mtego wa irabu. Andika alikosea zipi, maana jumla peke yake haikuambii kitu. Aliyekosea za irabu tu yuko njiani, aendelee na wenzake. Aliyekosea za kichwa arudi kwenye makofi na mguu, na jozi za ndugu au si ndugu, akiwa na wenzake wawili watatu wa kiwango chake.

Anayekosea hata za mgeni wa mbali, mchunguze masikio kabla ya kuchunguza akili. Simama nyuma yake mita mbili, mwite kwa sauti ya chini. Angalia kama anatazama midomo yako unapozungumza, kama masikio yanatoa usaha, kama anapenda kukaa mbele au huitika kwa kuchelewa. Ukiona dalili hizo, ongea na mzazi apelekwe kituo cha afya, na wakati huohuo mwondoe nyuma, umketishe mbele, upande wa sikio linalosikia vizuri. Kama masikio ni mazima, basi huenda Kiswahili bado ni kigeni kwake. Mtafutie maneno ya lugha ya nyumbani kutoka kwa mzazi au mwalimu anayeijua, achezee mikia katika lugha hiyo kwanza, kisha umrudishe kwenye jembe na pembe.